Karatasi ya Elfu Nne

Mwenye kiwanda cha uchapaji aliusoma ule Mkataba wa Usalama mara tatu kabla ya kuutia sahihi, na tangu siku hiyo watu wa nyumbani kwake walikoma. Kurasa thelathini na moja, vifungu arobaini na viwili, na vyote alikuwa navyo kichwani. Mumewe akimuuliza kazini kulikuwaje leo, anajibiwa kwamba kifungu cha kumi na moja hakiruhusu. Watoto wakiingia chumbani bila kubisha hodi, wanaulizwa wameidhinishwa na nani. Shemeji yake, yaani mdogo wa mumewe, ambaye ndiye mkata karatasi na dereva wa kiwanda, alimpachika jina siku ya pili tu: Mama Vifungu. Jina likashika, na mwenyewe, tuseme kweli, hakulichukia hata kidogo.

Alikuwa na haki ya kutamba. Viwanda saba viliomba kuchapa nyaraka za siri za serikali, na sita viliangukia kwenye ukaguzi, vingine vikubwa vyenye lifti na bustani. Chake, chenye mashine mbili na choo kimoja, kilipita. Alijenga chumba cha ndani kisicho na dirisha, akahamishia humo mashine kubwa, akatia mlango wa chuma wenye ufunguo mmoja, na ufunguo huo akauvaa shingoni. Pembeni mwa mlango akaweka kikapu cha kuachia simu na daftari la kuandika nani kaingia, saa ngapi, na katoka saa ngapi. Karatasi isiyo ya kazi ile haikuruhusiwa kupita pale, hata risiti ya dukani. Na pale kwenye fomu palipoandikwa Msimamizi wa Usalama, alijaza jina lake kwa herufi kubwa.

Waliopewa kibali cha kuingia walikuwa watatu: yeye, shemeji, na mjomba. Mjomba, kaka wa mama yake, ndiye fundi wa mashine kubwa. Alianza kazi pale wakati kiwanda kikiwa cha baba, kabla mpwa wake hajazaliwa, na mashine ile aliijua kwa sauti. Anaweza kuwa uani anakunywa chai, mlio ukabadilika kidogo, akaweka kikombe chini akasema rola ya tatu imekauka. Ukienda kuangalia, imekauka kweli. Ila macho ya karibu yalikuwa yameanza kumtupa mkono. Siku ya kusaini fomu za wafanyakazi, mpwa alimwekea karatasi mbele na kumwonyesha kwa kidole.

"Inasema nini hii?" mjomba aliuliza.

"Inasema mambo mengi, mjomba. Wewe saini, mengine niachie mimi."

Mjomba akasaini. Chini ya sahihi yake palikuwa na mstari mwingine, unaosema kwamba mfanyakazi huyu amesomewa mkataba wote na ameuelewa, na Mama Vifungu akatia sahihi yake hapo bila hata kumeza mate. Alikuwa na haraka. Mkaguzi wa serikali alikuwa anafika saa nane na sakafu haijapigwa deki.

Kazi ya kwanza ilikuja Jumatatu, karatasi elfu nne tupu ndani ya vifurushi vilivyopigwa lakiri. Usiniulize zilitakiwa kuchapwa nini. Hata wao walikatazwa kusoma zaidi ya kuangalia kama wino umekaa sawa. Ninachojua ni sheria ya hesabu, maana hiyo Mama Vifungu aliirudia mpaka shemeji akawa anaiimba: zimeingia elfu nne, zitoke elfu nne. Zilizochapwa vizuri zihesabiwe, zilizoharibika zihesabiwe, zilizobaki tupu zihesabiwe, na zote zirudi serikalini.

Jumatano saa tisa alasiri mashine ilizimwa. Wakahesabu. Nzuri, elfu tatu mia nane na arobaini. Zilizoharibika, mia moja ishirini na moja. Tupu, thelathini na nane. Mama Vifungu akajumlisha, akajumlisha tena. Elfu tatu mia tisa tisini na tisa.

Walirudia kuhesabu mara mbili. Wakatazama chini ya meza, nyuma ya makopo ya wino, ndani ya pipa la matambara. Mjomba alipiga magoti kwa shida akapapasa chini ya mashine. Hakuna kitu. Hapo ndipo shemeji alipomvuta pembeni, akashusha sauti.

"Shemeji, sikiliza. Karatasi ya aina hii hii tunayo rimu nzima stoo. Nikakate moja, tuipitishe mashineni, tuichafue kidogo, tuitupie kwenye zilizoharibika. Dakika mbili tu, hesabu imetimia, kila mtu anakwenda kwake."

Na ilikuwa kweli. Dakika mbili zingetosha, na hakuna ambaye angejua. Kwa muda kidogo Mama Vifungu aliliwaza jambo lile kwa dhati kabisa, tusimfanye malaika. Halafu akawaza kwamba karatasi ile halisi iko mahali fulani, na siku itakayojitokeza, zitakuwa elfu nne na moja.

"Kifungu cha tisa," alisema. "Ukijua imepotea au ukishuku imepotea, unatoa taarifa hapo hapo. Mficha uchi hazai, shemeji."

"Na anayejianika je, anazaa nini?"

Mama Vifungu alitoka, akaandika saa kwenye daftari, akachukua simu yake kikapuni na kumpigia Mkaguzi.

Mkaguzi hakuchukua hata saa moja. Alikuwa mwanamke mwembamba wa makamo, mpole wa sauti, na upole wake ndio uliokuwa unatia watu tumbo joto. Alikuja na vijana wawili waliovaa glavu. Wakapekua chumba, wakapekua gari la shemeji mpaka chini ya viti, kisha wakageukia mikoba. Kwenye mfuko wa mjomba walitoa taulo, kandambili, na kitu kilichofungwa kwa karatasi iliyochapwa. Kijana akaifungua taratibu, akakuta kipande cha sabuni. Karatasi yenyewe ilikuwa kadi ya mwaliko wa harusi, iliyoharibika kwenye ile mashine ndogo ya nje.

"Naomba uvue viatu, mzee," kijana alisema.

Mjomba aliinama kufungua kamba, mkono mmoja umeshika ukuta. Ilimchukua muda. Mama Vifungu alimtazama mzee yule, aliyemfundisha kushika rula kabla hajajua kushika kijiko vizuri, amesimama na soksi kwenye sakafu ya kiwanda kama mwizi wa sokoni. Ni yeye aliyepiga ile simu.

Mkaguzi alifunga daftari lake. "Karatasi haipo, na mtu aliyekaa na mashine muda wote ni mmoja. Mzee tutaondoka naye, akatusaidie maswali mawili matatu."

"Mna haki," mjomba alisema, akaanza kuvaa viatu.

Shemeji alimtazama Mama Vifungu kwa jicho la si nilikwambia. Lakini yeye macho yake yalikuwa kwenye ile sabuni. Harusi imefunga sabuni. Ndiyo, kwa sababu mchapaji hatupi karatasi. Iliyoharibika inafungia sabuni, inafutia wino, inakunjwa kuwekwa chini ya mguu wa meza inayoyumba, inafunika chai isiingie nzi. Hakuna mchapaji anayewaza anapofanya hivyo, kama ambavyo huwazi unapojikuna.

"Kabla hamjaondoka," alisema, "naomba niziangalie zile nzuri."

"Iliyopotea haiwezi kuwa kati ya zilizopo," Mkaguzi alisema.

"Najua. Nataka kuangalia wino."

Mkaguzi alimtazama kidogo, akamwashiria kijana afungue. Karatasi zilikuwa zimepangwa kwa mfuatano zilivyotoka mashineni. Mama Vifungu alianza kuzifunua kutoka chini, kumi kumi, halafu hamsini hamsini, macho yake kwenye kona ya kushoto tu. Hapa ndipo alipokuwa mtoto wa baba yake. Mambo ya vifungu alijifunza ukubwani, lakini wino aliujua tangu utotoni. Kona ilikuwa imepauka kidogo, kwa namna ambayo mteja haioni na mchapaji haivumilii. Imepauka, imepauka, imepauka. Kwenye karatasi kama ya elfu moja na mia sita, kona ikakolea ghafla, ikabaki imekolea mpaka mwisho.

"Mjomba," aliita. "Jana mchana hapa ulifanya nini?"

Mjomba alisogea, akaishika karatasi mbali na uso, akaipeleka kwenye taa. "Kona ilikuwa haishiki. Mashine ilikuwa inalia hivi, inaburuza. Nikasimamisha, nikajazia, nikaenda..."

Uso wake ulibadilika kabisa, akajishika kichwa kwa mikono miwili.

Katikati ya mashine ile pana silinda iliyovishwa mpira mnene. Mpira huo ndio unaopokea maneno kutoka kwenye bamba la chuma liitwalo pleti na kuyabandika kwenye karatasi, na mafundi wanauita blanketi. Blanketi likichakaa, uchapaji unapauka, na dawa yake tangu enzi za baba ni moja: unalilegeza, unasukumia karatasi moja chini yake, unalikaza, kazi inaendelea. Unachukua karatasi iliyo karibu na mkono. Na karibu na mkono wa mjomba palikuwa na rundo la zilizoharibika.

Mama Vifungu alichukua spana mwenyewe. Alilegeza boliti, akainua blanketi kwa uangalifu, na pale chini, imelala safi bila mkunjo, ilikuwepo karatasi ya elfu nne.

Shemeji alicheka peke yake kwa kutua mzigo, akaona hakuna anayemfuatisha, akakohoa.

"Nashukuru," Mkaguzi alisema, na akaketi. Hiyo ndiyo ishara kwamba bado hajamaliza. "Siri haikutoka nje. Lakini kifungu cha ishirini na tatu kinasema karatasi iliyoharibika haitumiki kwa jambo jingine lolote. Mzee, ulilijua hilo?"

"Nililijua," mjomba alisema.

"Ulisomewa mkataba?"

"Nilisomewa."

"Wote?"

"Wote, mama. Uzee tu. Nilisahau."

Mkaguzi alianza kuandika. Kila mtu mle ndani alijua anachoandika: mfanyakazi aliyejua sheria na akaivunja anafutwa kwenye orodha, na aliyefutwa haingii tena chumba kile. Mashine yenyewe imo mle ndani. Miaka arobaini ya mzee ingeishia kwenye mstari mmoja wa kalamu, na yeye mwenyewe ndiye anausukuma, kwa uongo, huku hamtazami mpwa wake usoni. Alikuwa anamkinga. Alikuwa ameelewa mara moja nini kitamkuta mpwa wake akisema hakusomewa, na hakuhitaji kifungu kujua hilo.

Mama Vifungu alipiga moyo konde.

"Hakusomewa," alisema.

Kalamu ikasimama. Mkaguzi akafungua faili, akatoa fomu, akaigeuza mezani. "Sahihi hii ya chini ni ya nani?"

"Ni yangu. Na nilichokitilia sahihi ni uongo. Nilimwambia mjomba asaini, mengine aniachie mimi. Anadanganya kwa ajili yangu. Mimi nilidanganya kwa sababu ya haraka, na sakafu ilikuwa haijapigwa deki."

Shemeji alitazama dari kana kwamba kuna kitu cha maana kimeandikwa huko.

"Kifungu cha thelathini na nane unakijua?" Mkaguzi aliuliza, kwa upole uleule.

Alikijua. Alikisema chote, neno kwa neno, kwa sauti isiyotetemeka: kwamba Msimamizi wa Usalama atakayetoa taarifa isiyo ya kweli ataondolewa katika nafasi hiyo, na kiwanda kitakuwa na siku saba kuteua mwingine anayefaa, na kisipompata mkataba utavunjwa. Hakuruka hata nukta. Kwa mara ya kwanza tangu ausome mkataba ule, angefurahi kusahau kitu.

Mkaguzi alinyoosha mkono. Mama Vifungu alivua ufunguo shingoni akamkabidhi.

"Ungenificha ile karatasi, leo ningefunga kiwanda," Mkaguzi alisema akiwa mlangoni. "Ungenificha hili la pili, ningemfuta mzee na nisingejua kamwe. Mna siku saba. Msomee mzee wako mkataba. Wote."

Usiku ule mumewe hakumwita Mama Vifungu, na watoto waliingia chumbani bila hodi, hakuna aliyewauliza.

Asubuhi, kabla ya kitu chochote, alimpeleka mjomba kupimwa macho. Ni jambo ambalo alikuwa analiahirisha miaka miwili, huku akijua kwamba analiahirisha. Miwani ikapatikana siku ya pili. Wakaketi uani, viti viwili na chupa ya chai, akaanza kusoma kwa sauti kifungu cha kwanza, mjomba akifuatisha kwa kidole kwenye nakala yake.

Alidhani watamaliza kabla ya mchana. Hawakumaliza hata siku hiyo. Mjomba hakuwa mtu wa kuitikia tu. Kila kifungu alikipeleka mpaka kwenye mashine akakirudisha. Kinaposema mtu asiingie na kifaa cha kuhifadhi maandishi, je, kitabu chake cha vipimo vya wino? Kinaposema mabaki, je, matambara yaliyofuta wino? Shemeji alipita akauliza kama wamefika kifungu cha ndoa, akafukuzwa.

Walipofika cha ishirini na tatu, mjomba alivua miwani.

"Hapa wameandika karatasi. Huku juu wameandika pleti ziharibiwe, sawa, maana maneno yamo kwenye pleti. Mbona sioni blanketi?"

"Blanketi lina nini, mjomba?"

"Mwanangu, blanketi ndilo linalobandika. Ukurasa wa mwisho unabaki juu yake mpaka liwe limeoshwa. Umegeuka kinyume, basi. Chukua kioo uone."

Mama Vifungu akakipitia tena kifungu kizima. Kazi ile alizaliwa nayo, mkataba ule aliusoma mara tatu, na hakuona. Hakufungua chumba, maana hakuwa na ufunguo. Alipiga simu.

Mkaguzi alikuja peke yake. Blanketi lilikuwa pale pale lilipolegezwa Jumatano, wino umelikaukia. Mama Vifungu alitoa kioo kidogo cha mkobani, Mkaguzi akakiinamisha, akasoma mistari miwili, kisha akalifunika blanketi kwa koti lake mwenyewe.

"Mkataba huu umepita mikononi mwa wanasheria kumi na wawili," alisema.

"Hakuna aliyewahi kuosha blanketi," mjomba alisema.

Siku ya saba fomu mpya ilijazwa. Pale kwenye Msimamizi wa Usalama, Mama Vifungu aliandika jina la mjomba wake kwa herufi kubwa kuliko alivyoandika la kwake. Mjomba hakuichukua kalamu mpaka ameisoma fomu yote mwenyewe, mbele na nyuma, huku Mkaguzi akisubiri na chai ikipoa. Mkataba nao ulirudi na kifungu cha arobaini na tatu.

Jumatatu iliyofuata vifurushi vipya vilikuwa vimeshaingia. Mama Vifungu aliwasha kwanza mashine ndogo ya nje, akaangalia kadi za harusi zinavyotoka, kisha akaelekea chumba cha ndani. Mkono ukaenda shingoni kutafuta ufunguo, haupo. Akabisha hodi, kwenye mlango alioujenga kwa fedha yake.

Mlango ukafunguka kidogo. Miwani ikatokea kwanza.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba. Simu."

Akaiweka kikapuni.

"Daftari."

Akaandika jina, akaandika saa, akapiga hatua aingie. Mjomba hakusogea. Alikuwa anautazama mkono wake wa kushoto, na yeye naye akautazama. Ulikuwa umeshika kadi ya harusi iliyoharibika, aliyoiokota bila kuwaza, anafutia wino vidoleni.

"Weka kikapuni, mwanangu," mjomba alisema.

Akaiweka, akaingia kazini.